Mawe Yako Mombasa, Karatasi Ziko Nairobi

Watu wakisikia kwamba natafiti ngome za kivita za Pwani, huniuliza: sasa Nairobi wafanya nini? Jibu langu ni fupi. Mawe yako Mombasa, karatasi ziko Nairobi. Faili za uliokuwa Mkoa wa Pwani, zile zenye alama ya PC/COAST, husomewa Makavazi ya Kitaifa pale Moi Avenue, mkabala na jengo lililokuwa Hoteli ya Hilton. Nje makanga wanagombania abiria, ndani huruhusiwi hata kalamu ya wino, ni penseli tu. Unajaza fomu ya kuomba faili, unangoja, faili inakuja imefungwa uzi, na mara nyingine inakuja nyingine kabisa. Usiirudishe kabla ya kuichungulia. Baadhi ya vitu vizuri nilivyo navyo vilitoka kwenye faili ambazo sikuziomba.

Ukitaja ngome na Mombasa kwa pamoja, kila mtu anafikiria Fort Jesus, na hana makosa. Wareno waliijenga kuanzia 1593 hadi 1596 kwa ramani ya Mtaliano Giovanni Battista Cairati, Waomani wakaizingira mwaka 1696 mpaka ikaanguka 1698, Waingereza wakaigeuza gereza, na tangu miaka ya 1960 ni makumbusho. Hayo mtoto yeyote aliyesoma shule amekaririshwa. Kinachonivuta mimi ni vitu viwili vilivyo nje ya ukuta wake, ambavyo wageni huviegemea wakipiga picha: mizinga miwili ya meli za Vita vya Kwanza vya Dunia. Mmoja ulitoka kwenye Königsberg, manowari ya Wajerumani, na mwingine kwenye Pegasus ya Waingereza. Tarehe 20 Septemba 1914, Königsberg iliikuta Pegasus bandarini Unguja ikiwa katika matengenezo, ikaizamisha. Julai 1915 Königsberg nayo ikamalizwa ndani ya delta ya Rufiji. Waingereza waliiopoa mizinga ya meli yao. Wajerumani wakaiopoa ile 10 ya kwao, wakaitia magurudumu, wakaenda kupigana nayo bara. Leo muuaji na aliyeuawa wanakaa chini ya ukuta mmoja, na watoto wa Mji wa Kale wanawapanda mgongoni.

“Wakaitia magurudumu, wakaenda nayo bara.” Vitabu hupita hapo mbio. Mzinga wa manowari haukuundwa kutembea. Ule ulitembea kwa kamba na mabega, mamia ya watu kwa mzinga mmoja, kwenye matope ya Rufiji na vichakani kusikokuwa na barabara. Mzinga tunaujua kipenyo chake, kiwanda chake na meli yake. Waliouvuta hatuwajui hata mmoja kwa jina. Na si upande wa Wajerumani peke yake: mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilitoa ripoti ikakiri kwamba wafu wasiopungua 116,000 wa vita vile, na huenda hadi 350,000, hawakuandikwa majina popote au hawakukumbukwa kabisa, wengi wao wakiwa wa Afrika Mashariki na Misri. Wapagazi wa kwetu wamo humo.

Ripoti ile niliisoma usiku mmoja bila kulala, nikaelewa kwa nini faili za ngome zilikuwa zikinichosha. Afisa wa kikoloni aliandika habari za saruji kwa mapenzi kabisa: magunia mangapi yamefika, mangapi yameloa, nani asaini. Akifika kwa watu anaandika “vibarua”, basi. Tangu hapo nazianza faili kwa viambatisho. Barua za wakubwa zinakupa mpango. Viambatisho, yaani orodha za malipo, madai ya fidia, na malalamiko yaliyoandikwa na karani kwa niaba ya mtu asiyejua kusoma, ndivyo vinavyokupa watu. Mahali palipokuwa na ugomvi wa pesa, hapo ndipo jina huandikwa kamili, la baba na la babu, na alama ya kidole gumba pembeni.

Nije kwenye vita vya pili, ambavyo ndivyo kazi yangu hasa.

Katika vita vile hofu ya kwanza Pwani ilikuwa Waitaliano, waliokuwa na Somalia na Ethiopia. Oktoba 1940 ndege zao ziliidondoshea Malindi mabomu. Lakini mwaka uliotia watu jasho ni 1942. Japani iliichukua Singapore Februari, Rangoon, mji mkuu wa Burma, Machi, na tarehe 5 Aprili, Jumapili ya Pasaka, ndege zake zikaipiga Colombo, kisiwani Ceylon (Sri Lanka ya leo). Siku hiyohiyo manowari Dorsetshire na Cornwall zikazamishwa baharini, na siku nne baadaye Hermes, meli ya kubeba ndege, karibu na Batticaloa, kisiwa hichohicho. Admirali James Somerville akazirudisha meli zake kubwa za zamani upande wa Afrika, Kilindini, bandari ya Mombasa. Kwa ghafla mji wa hamali, wavuvi na makarani wa forodha ukawa kimbilio la kundi la manowari la Waingereza katika Bahari ya Hindi.

Ukikaa pale karibu na mnara wa taa, Barabara ya Mama Ngina, ukila muhogo wa kukaanga wenye pilipili na ndimu, unaona mwenyewe kwa nini walipachagua. Mwamba wa matumbawe umeuzunguka ufuo, mawimbi yanapasukia mbali, na meli kubwa haina pa kuingilia ila mlango mmoja mwembamba. Wareno nao waliliona hilo; magofu ya Fort St. Joseph yako papo hapo, ya kuangalia upande wa Kilindini ambao Fort Jesus hauuoni. Waingereza walichoongeza ni mizinga ya masafa marefu, taa za kumulika bahari usiku, na utaratibu wa kuisimamisha kila meli nje ijitambulishe kabla ya kuingia.

Na si mizinga tu. Shule ya Allidina Visram ilichukuliwa, wakaingia wavunja misimbo, yaani wataalamu wa kusoma jumbe za siri za adui, waliohama kutoka Colombo. Wanafunzi wakapisha. Ndani ya madarasa yale, mwaka 1942, waliufungua msimbo wa meli za mizigo za Japani ulioitwa JN-40. Walirudi Colombo mwaka uliofuata. Nimekutana Nairobi na wazee waliosoma shule ile baada ya vita, wanajua kila goli lililofungwa na timu yao, na hili hawakuwahi kuambiwa na mwalimu yeyote. Siwalaumu. Siri ilitunzwa vizuri.

Haya yote unaweza kuyapata ukiwa na subira na penseli. Kigumu ni watu.

Askari wenyewe karibu wote wameshakufa. Waliobaki ni watoto wao, na wengi wa watoto hao wako hapa Nairobi: Pumwani, Kibra, South C, Eastleigh. Baba alipewa uhamisho, au alikuja kutafuta kazi ya ulinzi baada ya kuachishwa jeshi, akaoa, akabaki. Kwa hiyo historia ya ngome ya Mombasa naifuata kwa matatu ya kwenda Eastlands.

Ukimuuliza mtu wa umri ule habari za vita, atakupa vita vya redioni: Hitla, Burma, Mjapani. Anadhani hicho ndicho unachotaka, na kwa adabu anakupa. Bibi mmoja wa Majengo, Pumwani, mzaliwa wa Mombasa aliyeolewa Nairobi miaka mingi, nilimwamkia, akaitika, akaniwahi kabla sijafungua daftari.

“Marahaba mwanangu. Kaa kitako. Wataka vita? Mimi sikupigana, nilikuwa mtoto.”

“Sitaki vita, bibi. Nataka kujua nyumbani mlikuwa mkila nini.”

Akanitazama kama anayepima kama namfanyia mzaha. “Haya, hilo sasa ni swali,” akasema, akamwita mjukuu alete chai, akazungumza mpaka adhana ya magharibi.

Walikuwa watu wa wali, na mchele mwingi wa Pwani ulikuwa ukitoka Burma. Rangoon ilipoanguka, mchele ukakatika. Sisi wanahistoria tunaandika hilo kwa mstari mmoja: “upungufu wa chakula, 1942 hadi 1943”. Yeye alikumbuka mamake akipika sima usiku wa arusi ya jirani huku akilia kwa aibu. Alikumbuka taa ya chemni iliyofunikwa kikaratasi cha bluu, na mgambo anayegonga mlango akiona mwanga. Alikumbuka wavuvi kuzuiwa kutoka usiku, kwa hiyo kitoweo nacho hakipo.

Babake alikuwa mpishi wa kikosi cha mizinga ya pwani. Mara mojamoja alikuja na makopo ya nyama ya jeshi, yale mapana chini membamba juu, yenye ufunguo wake wa kuzungusha. Mama hakuyataka jikoni kwake. Nani anajua kimechinjwa na nani. Hata sufuria ya kuyapashia moto hakuitoa. Kwa hiyo baba aliyapitisha mlango wa nyuma kwa jirani Mgoa, mtu wa asili ya Goa kule India, na Mgoa akampa kibaba cha mchele alioupata kwa njia anazozijua mwenyewe. Ndivyo familia ile ilivyokula wali mwaka ambao Mombasa haikuwa na wali. Nimesoma taarifa ndefu za serikali kuhusu ugavi wa chakula wa miaka ile, na hakuna iliyonieleza soko la Mombasa vizuri kuliko makopo hayo.

Halafu akaja kwenye minazi. Babu yake mzaa mama alikuwa na shamba Likoni. Wanajeshi walikuja wakakata minazi iliyokuwa ikiziba jicho la mizinga. “Mnazi una umri wa mtu,” akasema. “Wakukatia, wakwambia chukua pesa.” Na hapo ugomvi haukuwa na serikali peke yake. Mtu wa Pwani anaelewa mara moja: kwetu kule ardhi yaweza kuwa ya huyu na miti ya yule. Aliyepanda si lazima awe mwenye udongo. Afisa aliyekuja na daftari lake alitaka jina moja tu la kulipa. Ndugu wakagombana kwa fidia ile hata baada ya mizinga kuondolewa. Alinitajia matawi ya ukoo ambayo mpaka leo hayazikani. Ukiuliza ngome ile ilimdhuru nani, na haikuwahi kumpiga Mjapani hata mmoja, jibu mojawapo ni hilo.

Nilijifunza pia kwamba wanawake ndio waweka kumbukumbu wa majeshi haya, na watafiti wa kabla yangu, wanaume wengi, walipokaribishwa nyumbani walizungumza sebuleni na kaka mkubwa. Kaka mkubwa anajua cheo. Dada anajua tarehe mshahara ulipokoma kuja.

Vyeti na medali ni somo lingine. Kule Makina, Kibra, kwenye familia ya Wanubi iliyotumikia jeshi la kikoloni kizazi hadi kizazi, nililetewa bati la biskuti lenye medali za babu na za baba zimechanganyika. Za babu, za vita vya kwanza, ukizigeuza ubavuni unakuta nambari, cheo na jina vimechongwa. Za baba, za vita vya pili, ubavu mtupu. Waingereza walizigawa medali zile bila kuchonga majina. Kijana wa nyumba aliuliza sasa watajuaje kwamba ni za babu yake kweli. Hawatajua kwa medali. Watajua kwa cheti cha kuachishwa, ile karatasi yenye nambari ya askari, ambayo mara nyingi ndiyo iliyoliwa na mchwa kwa sababu haing’ai. Basi nikifika nyumbani kwa watu siku hizi naomba karatasi kwanza, medali baadaye, na nambari naiandika mara mbili.

Kuna familia nyingine za Nairobi ambazo kwazo hakuna bati wala karatasi. Kuna maneno tu: “Babu alipotelea Burma.” Nikisikia hivyo, na mtu akaongeza kwamba babu alikuwa wa mizinga, huwa nauliza kama barua ya kifo ilikuja mwaka 1944.

Mapema Februari mwaka huo, meli ya askari iitwayo Khedive Ismail iliondoka Kilindini katika msafara wa kwenda Ceylon. Ilibeba watu 1,511. Kati yao 996 walikuwa wa Kikosi cha 301 cha mizinga cha Afrika Mashariki, na walikuwamo pia wauguzi na wanawake wa jeshi la majini. Walipita mlango ule mwembamba, mizinga ya pwani ikiwalinda, na ulinzi ule uliishia pale ambapo kombora lake liliishia. Tarehe 12 Februari, karibu na visiwa vya Maldives, zaidi ya kilomita 3,000 kutoka Mombasa, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga kwa makombora ya chini ya maji. Ilizama kwa dakika chache tu. Manowari mbili za msafara, Petard na Paladin, ziliisaka nyambizi, na kwa kuwa ilijificha chini ya walionusurika waliokuwa wakielea, mabomu ya kina, yale yanayolipukia chini ya maji, yaliangushwa katikati yao. Nyambizi ilizamishwa. Waliookolewa ni wanaume 208 na wanawake 6. Waliokufa ni 1,297.

Hiyo ndiyo sehemu ya ngome za Mombasa ambayo hutaikuta Mombasa. Panda 111 ya kwenda Ngong, shuka kwenye Makaburi ya Vita ya Nairobi, Ngong Road, kando ya msitu. Mle ndani umo Ukumbusho wa Afrika Mashariki, wa askari wasio na kaburi linalojulikana, wakiwemo waliozama na meli ile. Nimewapeleka pale wajukuu waliokulia Dagoretti, kwa miguu dakika chache, na hawakuwahi kuingia. Walidhani ni makaburi ya Wazungu. Siku ya namna hiyo huwa sisemi mengi. Naonyesha ubao, naenda kukaa mbali.

Sipendi utafiti wa ngome unaokomea kwenye mizinga, na sababu mojawapo ni bandari. Wakati serikali ikihofia adui wa baharini, watu waliopakua hayo makombora na mafuta walikuwa wakilala kumi chumba kimoja. Makuli wa Mombasa waligoma mwaka 1939, mwezi mmoja hivi kabla ya vita kuanza Ulaya, wakidai nyongeza na pesa za pango. Palikuwa na mgomo tena 1942 vita vikiwa vimepamba moto. Januari 1947 wakagoma wafanyakazi wa mji kama 15,000, mji ukasimama karibu majuma mawili, na kiongozi wao Chege Kibachia mwaka huohuo akakamatwa na kupelekwa uhamishoni. Faili za migomo hii na faili za ulinzi wa bandari zimewekwa mbali mbali kwenye makavazi kana kwamba ni miji miwili. Nimezoea kuziomba siku moja. Karani wa mapokezi alishaacha kunishangaa.

Kazi hii haina mwisho mzuri kwa kila mtu. Yule bibi wa Majengo ana mdogo wake wa kiume, mzee wa heshima, mstaafu, anayeishi South C. Nilimsomea rasimu ya habari za baba yao, akanisimamisha kwenye neno “mpishi”.

“Mwalimu, andika alikuwa mpiga mzinga.”

“Mzee wangu, dada yako asema alikuwa mpishi wa kikosi cha mizinga.”

“Dada yangu alikuwa mtoto.”

“Na wewe ulikuwa hujazaliwa, mzee.”

Alicheka, lakini hakukubali. Ushahidi wake ni picha: baba yao kijana, kaptula na soksi ndefu, mkono juu ya mzinga, uso mkavu kama wa afisa. Ni picha nzuri sana. Nyuma yake, upande wa kushoto, kuna masufuria matatu makubwa yamefudikizwa kukauka. Nilimwonyesha. Akasema askari yeyote anaweza kusimama karibu na sufuria. Nikamwambia na mpishi yeyote anaweza kusimama karibu na mzinga. Nilimweleza kwa ukweli kabisa kwamba wapiga mizinga ninao wengi kwenye karatasi, mpishi ni huyo mmoja, na bila yeye sina mchele, sina makopo, sina Mgoa. Akasema atafikiria.

Juzi alinitumia picha ileile kwa WhatsApp, safi, imeongezwa mwanga, na ujumbe kwamba hii ndiyo itumike. Ameikata upande wa kushoto.